AKIBA HAIOZI IKIPANDWA

Hotuba ya Kamati ya Wakimbizi katika maadhimisho ya Siku ya Wakimbizi Duniani, tarehe 20 Juni



Mada yetu ya leo ni kuhifadhi.

Vijana wetu wanapenda sana filamu zenye chombo cha kusimamisha wakati. Unatia kitu ndani, unafunga, nje inapita miaka mia, lakini ndani haijapita hata dakika moja. Ukifungua, chakula bado kina moto na mgonjwa hajazidiwa. Chombo hicho hakipo duniani. Hata hivyo tunaelewa kwa nini kinawavutia. Nani kati yetu asingependa kuikuta nyumba yake kama alivyoiacha?

Ndugu zetu, wengi wetu tulivuka mpaka pale Kabuhanga, Sekta ya Bugeshi, Wilaya ya Rubavu, mahali ambapo wazee bado wanapaita Gisenyi. Kuna waliopita miaka ya 2012 na 2013, na kuna waliopita Novemba 2022, vita vilipofika Kibumba. Kutoka hapo wengine tulipelekwa kituo cha muda cha Nkamira. Tulibeba sufuria, blanketi, na watoto mgongoni. Wapo akina mama waliobeba pia maharagwe machache yaliyofungwa kwenye pindo la kitenge. Hayo hayakuwa ya kupika. Yalikuwa mbegu.

Sasa tuulize: je, kipo kitu kinachokaribia chombo kile cha filamu? Kipo, nacho ni benki ya mbegu. Mbegu hukaushwa mpaka maji yaliyomo yabaki kidogo sana, hufungwa katika pakiti isiyopitisha hewa, kisha huwekwa kwenye baridi ya nyuzi 18 chini ya sifuri. Mbegu haifi, inalala. Karibu na mji wa Cali, nchini Colombia, kituo cha utafiti cha CIAT kimetunza zaidi ya aina 37,000 za maharagwe. Huko Svalbard, Norway, ghala lililochimbwa ndani ya mlima lilifunguliwa mwaka 2008 ili kutunza nakala za mbegu za mataifa mengi.

Msidhani mambo hayo yako mbali na sufuria zetu. Yale maharagwe mekundu ya kupanda juu ya vijiti, yanayoitwa Umubano, asili yake ni Mexico. Yalipitia katika hazina hiyo ya Colombia, yakaletwa kwa wakulima wa Rwanda katika miaka ya 1980. Jina lake maana yake ni kuishi vizuri pamoja.

Mwaka 1994, baada ya mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, watu wengi waliogopa kwamba mbegu za Rwanda zimekwisha. Ukaanzishwa mpango ulioitwa Mbegu za Matumaini. Mbegu za asili ya Rwanda zilizokuwa zimetunzwa nje zilizalishwa kwa wingi katika nchi jirani ili zirudishwe. Lakini watafiti walipotembelea vijiji waliona jambo la kushangaza: aina nyingi za maharagwe zilikuwa bado zipo. Wakulima walikuwa wamezoea kuchanganya aina nyingi katika shamba moja, na waliokosa walipata kwa jirani au sokoni. Zao lililoumia zaidi ni viazi, kwa sababu mbegu yake safi ilitegemea vituo vya serikali, na vituo hivyo vilikuwa vimevurugika.

Syria nayo ilipata pigo. Vita vilifanya benki ya mbegu iliyokuwa karibu na Aleppo isiweze kuendelea na kazi yake. Mwaka 2015 watafiti wake walichukua kutoka Svalbard mbegu walizokuwa wameweka akiba huko, wakazipanda Lebanon na Morocco, na baadaye wakarudisha nyingine Svalbard.

Tunajifunza nini? Kwanza, hata benki yenyewe haisimamishi wakati, inaupunguza mwendo tu. Mbegu hupimwa kila baada ya miaka kadhaa, na zinazoota zikishuka chini ya asilimia 85 ni lazima zipandwe upya. Wahenga walisema akiba haiozi. Sisi tunaongeza: ikipandwa.

Pili, na hili tunalisema kwa uchungu, kambi isiwe chombo cha kusimamisha wakati. Kambi ya Kiziba ilifunguliwa mwaka 1996. Mtoto aliyezaliwa humo mwaka ule sasa ni mtu mzima. Wapo wanaosema, "Sijifunzi ufundi, sipandi hata mboga, kwa maana kesho tunarudi." Kurudi ni haki yetu na tunakuombea, lakini mwili hauingojei kesho.

Kwa hiyo Kamati inaomba mambo matatu.

Kwa akina mama na wazee: kila mwenye kishamba atenge mbegu, azikaushe vizuri, azichanganye na majivu dhidi ya fukusi, afunike chombo, na apande sehemu yake kila msimu. Mpe na jirani. Ukipoteza zako, utazikuta kwake.

Kwa vijana wa shule: waulizeni wazee majina ya mbegu, zinapandwa lini na zinapikwaje, muandike daftarini. Mbegu bila jina ni yatima.

Kwa ndugu zetu wa mashirika: kabla ya kutuletea mbegu, tuulizeni tunazijua zipi. Na mtusaidie kupata ardhi ya kulima pamoja na wenyeji, kama ilivyofanyika katika bonde la Misizi, Gisagara, karibu na kambi ya Mugombwa.

Nyumba tulizoziacha hazikusimama kutungoja. Nyingine zimeanguka, na miti imekua. Siku tutakapopita tena Kabuhanga kuelekea nyumbani, hatutazikuta zilivyokuwa. Basi tuwe na cha kupanda mikononi.