Kiambishi wa- katika Wimbo wa Kejeli



Mwezi Machi 2017 msanii Nay wa Mitego alikamatwa na polisi mkoani Morogoro kwa sababu ya wimbo wake "Wapo", na Baraza la Sanaa la Taifa likaupiga marufuku. Muda si muda, Waziri wa Habari, Dkt. Harrison Mwakyembe, akatangaza kuwa Rais John Magufuli ameupenda wimbo huo: msanii aachiwe, wimbo upigwe, tena auboreshe kwa kuongeza waovu wengine, wakiwemo wakwepa kodi.

Wengi walilijadili tukio hili kisheria. Naomba tulitazame kisarufi.

Neno wapo ni sentensi kamili isiyo na nomino. Kiambishi wa- kinadai kuwa kuna watu. -Po inaashiria kuwa mahali pao panajulikana. Ni akina nani, mtunzi hasemi. Jina hujazwa na msikilizaji, na hapo ndipo kicheko kinapozaliwa, kwani anayecheka amekwisha kumtaja mtu moyoni. Polisi nao, nadhani, walijaza, ingawa sidhani kama walicheka.

Waimbaji wa mipasho wa Zanzibar na Dar es Salaam wanaufahamu ufundi huu tangu zamani. Ukumbini, mpasho hauna anwani. Anayeinuka kwenda kutuza, noti mkononi, akimtupia jicho mbaya wake, ndiye anayeupa anwani, na kwa dakika ile wimbo ni wake kuliko ulivyo wa mwimbaji. Kwa maoni yangu, Rais aliinuka akatuza. Shauri lake, japo lilitolewa kwa ukunjufu, lilikuwa zito kuliko marufuku ya Baraza. Marufuku hukiacha kiambishi wazi, orodha hukifunga. Waovu huwa ni wale aliowataja mtuzaji, naye mwenyewe hayumo.

Mapema mwezi uliofuata, msanii mwingine mwenye ulimi mkali, Roma Mkatoliki, alichukuliwa kwa nguvu pamoja na wenzake kutoka studio moja ya Dar es Salaam, wakaonekana tena baada ya siku kadhaa. Waliowachukua waliitwa kwa msamiati ambao Watanzania waliuzoea mno katika miaka ile: watu wasiojulikana. Ni muundo uleule wa Nay, watu wapo na majina hayapo, ila safari hii haukutungwa na msanii.