ANAYELINDA CHEMCHEMI NAYE ANYWE

(Maneno ya hotuba waliyosomewa wanachama katika mkutano wa tawi, juu ya habari za Maramba na milima ya Usambara)





Maramba, katika Wilaya ya Mkinga, ni mji uliopo chini ya milima ya Usambara ya Mashariki, milima ambayo siku ya anga safi huonekana kutoka pwani ya magharibi ya Pemba. Basi habari zake si habari za watu wa mbali. Wakulima wa milima ile hulima iliki, mdalasini, pilipili manga, na hata karafuu, ambayo hapana haja ya kuwaelezeni ninyi thamani yake wala taabu zake.

Neno nililokuja nalo leo ni moja. Nchi inahitaji maendeleo, na nchi inahitaji misitu na maji yake; lakini gharama ya kuvilinda isiwekwe juu ya mabega ya maskini peke yake.

Tazameni mambo yalivyokwenda. Katika miaka ya 1970 na 1980 miti mikubwa ya Usambara ilikatwa kwa mashine, ikashushwa Tanga kupasuliwa mbao, na Serikali ya Ufini ikisaidia kazi hiyo. Wakati ule hayo ndiyo yaliyoitwa maendeleo. Wataalamu walipopiga kelele kwamba msitu unakwisha, ukataji ule ukasimamishwa, na Ufini hiyo hiyo ikarudi kusaidia kuuhifadhi msitu. Mwaka 1997 ikatangazwa Hifadhi ya Mazingira Asilia ya Amani, yenye hekta 8,380, ya kwanza ya namna yake katika Tanzania.

Hifadhi ile ni jambo jema, wala sisi hatuipingi. Mto Zigi hutoka katika milima ile, ukaingia bwawa la Mabayani, na maji yake ndiyo yanayonywewa na watu wa jiji la Tanga. Msitu ukifa, na mfereji wa mjini utakauka.

Lakini ilipotakiwa kuunganishwa misitu kwa ushoroba wa Derema, wakulima zaidi ya 1,000 waliokuwa na iliki zao chini ya miti waliambiwa waache mashamba yao. Fidia ilichukua miaka kufika. Je, mzee ambaye iliki ndiyo iliyosomesha wanawe, atakula nini katika miaka hiyo ya kungoja? Mtu wa namna hiyo akiuchukia msitu, nani wa kumlaumu?

Sasa linganisheni. Mwaka 2024 Mamlaka ya Maji ya Tanga ilitoa hatifungani ya kijani ya shilingi bilioni 53.12, kwa muda wa miaka 10, ili kupanua kazi za maji. Aliyekopesha fedha zake ameahidiwa faida ya asilimia 13.5 kwa mwaka. Ni haki yake. Lakini mkulima wa mlimani, ambaye ameuacha mti usimame na ukingo wa mto usilimwe, naye amekopesha. Faida yake imeandikwa katika daftari gani? Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari.

Njia ipo, na imekwisha kuanza kukanyagwa. Wakulima wa Kihuhwi na Zigi wana umoja wao wa kuhifadhi mazingira, UWAMAKIZI, unaoshirikiana na Mamlaka hiyo ya Maji. Mwenye maji na mnywa maji wamekaa mkeka mmoja. Linalobaki ni kuufanya ushirikiano huo uwe haki iliyoandikwa, usiwe hisani ya mkubwa.

Na sisi visiwani tunao ushahidi wetu. Mwaka 1993 kisiwa cha Misali kilikuwa kimekwisha kukodishwa ili kijengwe hoteli. Wavuvi wa Pemba, wanaoishi kwa bahari ile, wakakataa pamoja na wapenda mazingira, na mpango ule ukavunjika. Mwaka 1998 Misali ikatangazwa kuwa eneo la hifadhi, na wavuvi hawakufukuzwa baharini mwao. Aliyekula kwa bahari ndiye aliyeilinda.

Basi, kila litakapoletwa mbele yetu jambo la hoteli, la kisiwa kidogo, la msitu au la mikoko, sisi wanachama tuulize maswali matatu, na tusiondoke barazani mpaka tujibiwe. Nani atakayepata? Nani atakayepoteza? Na huyo atakayepoteza atalipwa lini: kabla ya kuondoshwa, au baada ya kusahauliwa?

Kuuliza hivyo si kupinga maendeleo. Ni kuyatengenezea msingi, ili wajukuu wetu wayakute yakisimama.