Dirisha Moja, Maghala Mengi



Tanzania Bara ilianza kuona televisheni yake mwaka 1994. Leo, kwa programu moja ya simu inayokusanya video za mitandao mbalimbali, mwalimu wa Nachingwea hupata somo la fizikia, na karani wa Ruangwa mechi ya Namungo.

Lakini programu hiyo ni dirisha tu. Ghala lina mwenyewe, na ada yake iko palepale. Saa moja ya picha angavu yaweza kumaliza gigabaiti nzima. Tena, programu inayodai nywila zote, au kugawa bure kinachouzwa, ni mtego. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999 hulinda jasho la wasanii.

Hivyo basi, mtumiaji apunguze ubora wa picha na atunze nywila zake. Chombo kiwatumikie watu. Watu wasikitumikie chombo.