Mkurugenzi Hazaliwi Dar es Salaam

Hotuba ya mgeni rasmi katika mkutano mkuu wa mwaka na harambee ya ujenzi wa bweni la wasichana, Nakapanya

  

Mwenyekiti aliponipigia simu aliniambia, "Mwanangu, njoo uwaeleze vijana mtu anafikaje kuwa mkuu wa kampuni ya wataalamu. Wao wanadhani kiti hicho ni cha watoto wa mjini." Nilimjibu kwamba kampuni yangu ya uhasibu ni ndogo, na mtu kujisifu kwao ni aibu. Nikaomba nianze na habari za mtu mkubwa kuliko mimi, marehemu Ali Mufuruki, kisha ndiyo nije kwenye letu.

Mzee Mufuruki alizaliwa mwaka 1958 Bukoba, mkoa wa Kagera. Bukoba na Dar es Salaam zina umbali mkubwa kuliko sisi na Dar es Salaam. Alisomea uhandisi wa mitambo Reutlingen, Ujerumani, na akafanya kazi katika kampuni ya Daimler-Benz. Vijana, mnajua magari ya Mercedes. Mtu aliyefika pale angeweza kubaki, na hakuna ambaye angemlaumu. Yeye alirudi, akaajiriwa Dar es Salaam katika National Engineering Company, na mwaka 1989 akaanzisha kampuni yake, Infotech Computers.

Wazee watakumbuka hali ilivyokuwa. Mwaka 1974 Serikali ilipiga marufuku kuingiza kompyuta nchini. Marufuku ile ililegezwa baadaye, lakini hata miaka ya themanini ikiisha ofisi nyingi ziliendelea kutumia taipureta na madaftari makubwa ya hesabu. Katika nchi ya namna hiyo, mtu anafungua kampuni ya kompyuta! Wengi wetu tungesema amechanganyikiwa.

Hapa nieleze jambo moja, maana nimeulizwa sana tangu jana: kampuni ya namna hii inauza nini? Mwenye duka ana sukari na mabati kwenye rafu. Mhasibu, mwanasheria, mkaguzi wa hesabu na mtaalamu wa mifumo ya kompyuta hawana rafu. Wanauza ujuzi na uaminifu. Mteja anakukabidhi vitabu vyake akiamini mambo mawili, kwamba unaijua kazi na kwamba hutamdanganya. Ukipoteza moja kati ya hayo huna mali tena, hata kama ofisi yako ina viyoyozi kila chumba.

Kampuni ile ilikua ikawa Infotech Investment Group. Mufuruki akawa mwenyekiti mwanzilishi wa umoja wa wakuu wa makampuni nchini, CEO Roundtable. Mwaka 2017, mwaka ambao Vodacom Tanzania iliuza hisa zake kwa wananchi na kuorodheshwa kwenye Soko la Hisa la Dar es Salaam, yeye ndiye aliyekuwa mwenyekiti wa bodi. Mwaka huohuo, akiwa na wenzake watatu, alitoa kitabu kuhusu namna Tanzania inavyoweza kutoka kwenye kilimo cha kujikimu na kuwa nchi ya viwanda ndani ya miaka 40, kuanzia 2016 hadi 2056. Alifariki Desemba 2019, Afrika Kusini, akiwa na miaka 61.

Nampenda mtu huyu kwa sababu hakulewa sifa. Wakati dunia nzima inasema Afrika inainuka, yeye alisimama mbele ya watu akauliza: ni kweli inainuka? Inaunda nini, inauza nini?

Nasi tujiulize hapa Nakapanya. Tunauza korosho. Tunazipeleka chama cha msingi, zinaingia ghalani, mnada unafanyika, na sehemu kubwa ya korosho ya nchi hii inapanda meli ikiwa na maganda yake, inakwenda kubanguliwa India na Vietnam. Msimu wa 2018 mnaukumbuka. Wakulima walikataa bei, Serikali ikatangaza kununua kwa shilingi 3,300 kwa kilo, jeshi likasomba mzigo. Tulijifunza kwamba anayeuza mali ghafi hana kauli kwenye bei. Basi na watoto wetu ni hivyohivyo. Tukiwaachia njiani wakiwa hawajaiva, wanakwenda mjini kama korosho yenye maganda. Atakayewabangua ni mwingine, na faida ni yake.

Sasa nisema langu, na mnisamehe nikikwama.

Mimi nilisomeshwa na korosho za baba yangu. Mwaka ambao mikorosho ilikataa kuzaa, wajomba walichanga. Nilipoanza sekondari nilipanga chumba, mlango wa mabati, kitanda cha kamba, na wenzangu wawili. Darasani kulikuwa na binti mmoja ambaye hesabu zangu za jioni zilikuwa hazijakamilika mpaka yeye azipitie. Akiweka alama ya kosa, nafuta. Hakuwahi kukosea, mimi nilikosea kila siku. Naye alipanga chumba, lakini msichana wa miaka 15 anayelala peke yake mbali na mama yake, mwenye njaa ya siku mbili, ana maadui wengi kuliko mvulana. Kidato cha tatu alipata mimba. Siku hizo ndiyo ulikuwa mwisho. Ruhusa ya kurudi shuleni baada ya kujifungua ilitoka Novemba 2021, yeye akiwa mama mtu mzima.

Leo mimi naitwa mkurugenzi. Kazi yangu ni kukagua hesabu za watu. Ndugu zangu, mkaguzi wa kwanza niliyemfahamu alikuwa yeye, na kiti ninachokalia kilikuwa chake kwa haki. Kilichotutenganisha hakikuwa akili. Kilikuwa mlango wenye kufuli na sahani ya ugali.

Ndiyo maana tunajenga bweni. Ada ya kidato cha kwanza mpaka cha nne iliondolewa tangu 2016, na ya cha tano na sita mwaka 2022. Lami imefika: Mangaka hadi Nakapanya kilomita 70.5, Nakapanya hadi Tunduru kilomita 66.5. Lakini elimu bila ada haimpi binti mahali pa kulala, na barabara nzuri inapitisha pia magari ya wanaowarubuni.

Kwa kuwa mimi ni mhasibu, siwezi kuomba fedha bila kuzungumzia vitabu. Wapo kati yetu waliochanga huko nyuma wakakaa wakisubiri taarifa. Simnyooshei mtu kidole. Naomba tu mambo matatu: kila mchango uandikiwe stakabadhi, hata ukiwa shilingi elfu moja, fedha zisitoke benki bila saini za watu watatu, na mmoja wao awe mama, na kila baada ya miezi mitatu mapato na matumizi yabandikwe ubaoni, shuleni, msikitini na kanisani. Nitavikagua vitabu hivyo bila malipo mpaka bweni lifunguliwe. Nikikuta kasoro nitaisema hapahapa, hata kama ni ya kaka yangu.

Nimesema yangu. Naanza na mifuko 100 ya saruji na vitanda 10, na vitanda hivyo natoa kwa niaba ya yule binti. Aliye na debe la korosho alilete, litapimwa na kuandikwa. Aliye na nguvu afyatue tofali. Wayao wenzangu, Wamakua, na ninyi nyote mnaoiita Nakapanya nyumbani: mkuu wa kampuni ya mwaka 2050 yuko darasa la tano leo, pengine anakamua maembe nje ya ukumbi huu. Tumpe mlango wenye kufuli.