Nani Ataanza Kutoa Salamu?

(Mawaidha waliyopewa vijana baada ya sala ya Tarawehe. Tumeyaandika hapa kwa faida ya wasomaji wetu.)

Bismillahir Rahmanir Rahim. Kila sifa njema ni ya Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake wote. Ama baad.



Nianze na jambo la aibu, na aibu yenyewe ni yangu mimi. Miaka kadhaa iliyopita, mwezi kama huu, nilitoa darsa msikitini juu ya udugu wa Kiislamu. Nilizungumza mpaka baadhi ya watu wakatokwa na machozi. Nilipotoka nje nikitafuta viatu vyangu, kijana mmoja akanijia kwa adabu, akaniuliza: "Ustadh, na kaka yako je, mnasemezana siku hizi?" Wallahi nilikosa la kujibu. Mimi na kaka yangu, baba mmoja mama mmoja, tulikuwa na mwaka wa tatu hatupeani salamu. Sababu ni kiwanja alichotuachia marehemu baba yetu. Tulikuwa tukiingia msikiti mmoja, tukaitikia amin moja, kisha kila mtu akatokea mlango wake.

Nawe ndugu msomaji, kabla hujanicheka, jiulize: ni nani ambaye ukimwona anakuja unavuka barabara?

Mtume (S.A.W.) ametufundisha kwamba si halali kwa Muislamu kumhama nduguye zaidi ya siku tatu, na kwamba mbora wa hao wawili ni yule anayeanza kutoa salamu. Hakusema mbora ni yule mwenye haki. Amesema ni anayeanza. Akatufundisha pia kwamba kuwasuluhisha watu waliogombana kuna daraja inayopita daraja ya saumu, sala na sadaka za sunna. Sasa sisi tunafunga tangu alfajiri, tunasimama Tarawehe mpaka miguu inauma, na lile lililo kubwa zaidi tumeliacha mlangoni pamoja na viatu. Je, si hasara hiyo?

Mtu atasema, "Ah, huko ni kununa tu, vita ni mambo mengine." La hasha. Moto hauanzi ukiwa mkubwa. Someni Suratul Maida kisa cha watoto wawili wa Adam. Damu ya kwanza kumwagika duniani ilikuwa ya ndugu kwa ndugu, na ilianza na wivu ndani ya kifua. Na sisi Wakenya hatuna haja ya kwenda mbali. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 zaidi ya watu 1,100 waliuawa katika nchi hii, na wengi walishambuliwa na majirani waliowajua kwa majina. Jirani hageuki adui kwa usiku mmoja. Palikuwa na maneno kabla yake, na chuki iliyowekwa akiba.

Basi moto ukishawaka, nani ataweza kuuzima? Hapa nataka niwape kisa cha dada yetu Muislamu, Bi Dekha Ibrahim Abdi, aliyezaliwa Wajir mwaka 1964. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 koo za Wajir, yaani Ajuran, Degodia na Ogaden, zilikuwa zikiuana. Ukame ulikuwa mkali, mifugo inakufa, na silaha zilikuwa zikiingia kutoka Somalia ambako serikali ilianguka mwaka 1991. Usiku mmoja wa mwaka 1993 risasi zilirindima, na Bi Dekha akamficha mtoto wake chini ya kitanda. Asubuhi mama yake akamweleza kwamba hata yeye Dekha, alipokuwa mtoto mchanga, alifichwa vivyo hivyo. Kizazi baada ya kizazi, kitanda ndicho ngao! Akaamua kwamba hataki binti yake naye aje amfiche mjukuu.

Walianzia sokoni. Wakati huo mama wa ukoo huu alikuwa hauzi wala hanunui kwa mama wa ukoo ule. Bi Dekha na wanawake wenzake wakakubaliana kwamba soko liwe la kila mtu, wakaweka watu wa kuangalia, na ugomvi ukitokea unamalizwa hapo hapo. Baada ya soko wakawaendea wazee wa koo, wakawaendea vijana waliobeba bunduki, wakawahusisha masheikh na wakuu wa serikali. Mwezi wa Septemba 1993 wazee wakatia saini mapatano yaliyojulikana kwa jina la Al Fatah. Mwaka 1995 kamati yao ya amani ikaingizwa katika mipango ya maendeleo ya wilaya, na wilaya nyingine zikaja kuiga. Mwaka 2007 Bi Dekha akapewa tuzo ya Right Livelihood kule Sweden. Na nchi ilipowaka mwaka 2008, alikuwa miongoni mwa raia walioketi pamoja, Waislamu na Wakristo, kutafuta njia ya kuuzima moto ule. Alifariki Julai 2011 kutokana na ajali ya barabarani. Mwenyezi Mungu amrehemu.

Tazama, kijana: hakuwa na jeshi, hakuwa mbunge. Alianza na watu wa kununua na kuuza maziwa. Na wewe una maskani yako, una timu yako ya mpira, una darasa lako. Hapo ndipo soko lako lilipo.

Najua kuna aliyeketi hapa kifua kinamchoma. Anasema moyoni: "Ustadh, aliyemuua ndugu yangu anatembea mtaani, nawe waniambia nimpe mkono?" Swali hilo ni la haki, na sitalikimbia. Uislamu haukuja kumwambia aliyedhulumiwa anyamaze. Katika Suratul Hujurat, aya ya 9, tumeamrishwa tuyapatanishe makundi yanayopigana, na tumeamrishwa tupatanishe kwa uadilifu. Suluhu bila haki ni kufunika kidonda chenye usaha. Kule kule Wajir, Februari 1984, watu wetu walikusanywa katika uwanja wa ndege wa Wagalla na wengi wakauawa na maafisa wa usalama. Mwaka 2015 Rais aliomba msamaha kwa dhulma za serikali zilizopita. Ni jambo jema, lakini msamaha wa mdomo haumrudishii mjane mumewe, wala haumlishi yatima. Aliyekosa hana budi akiri na arudishe alichoweza kurudisha.

Lakini kudai haki ni jambo moja, na kulipiza kisasi kwa mkono wako ni jambo lingine. Haki inadaiwa mahakamani na mbele ya wazee. Ukichukua panga ukamkata mtu kwa sababu ni wa kabila la aliyekukosea, hapo hujadai haki. Umeanzisha dhulma mpya, na mtoto wake atakuja kwa mtoto wako.

Kumbukeni mwezi huu huu wa Ramadhan, mwaka wa 8 Hijria, Mtume (S.A.W.) aliingia Makka na jeshi la watu elfu kumi. Watu wa mji ule walikuwa wamemfukuza, wamewatesa wafuasi wake, wamemuua ami yake Hamza. Siku hiyo aliweza kulipiza. Akatoa amani kwa atakayefunga mlango wake, kwa atakayeingia Msikiti Mtukufu, na kwa atakayeingia nyumba ya Abu Sufyan. Na Wahshi, aliyemuua Hamza, aliposilimu baadaye, Mtume alimpokea, ila alimwomba kama anaweza asijitokeze mbele ya uso wake. Subhanallah! Kusamehe si kujifanya huna uchungu. Moyo unaweza kuuma, na mkono usidhuru.

Sasa tuondoke na mambo matatu. La kwanza, ukiletewa habari kwenye simu kwamba watu fulani wamewafanyia wenzenu hivi na vile, usiisambaze kabla hujaihakikisha. Hiyo ni amri ya Suratul Hujurat, aya ya 6. La pili, rafiki yako akiinuka na kisu, mshike mkono. Mtume (S.A.W.) ametufundisha kwamba kumsaidia ndugu anayedhulumu ni kumzuia asidhulumu. La tatu, kabla mwezi wa Idd haujaandama, mwendee mtu mmoja. Mmoja tu, unayemjua wewe na Mola wako.

Mtaniuliza, je wewe ulikwenda? Nilikwenda usiku ule ule. Nilisimama mlangoni kwa kaka yangu kwa muda, mkono unainuka unashuka, kisha nikabisha hodi. Alifungua mwenyewe. Nikasema Assalaam Alaykum. Alinyamaza, akanitazama, kisha akaitikia, akamwita shemeji alete kahawa. Kiwanja hatukukizungumza usiku huo. Tulikimaliza baadaye kwa kadhi, na sikupata kila nilichotaka. Lakini Idd ile watoto wetu walikula sahani moja, na hilo silibadilishi na kiwanja chochote.

Ewe Mola, zisafishe nyoyo zetu, warehemu waliouawa kwa dhulma, wape haki yao walionyimwa, na utujaalie tuwe wenye kuanza. Amin.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam Alaykum Warahmatullahi Wabarakatuh.