Merikani na Mji wa Salem

(Maneno ya hotuba iliyosomwa mbele ya machifu, waalimu na wenyeji)



Neno “merikani” hapana asiyelijua. Ni jina la nguo ngumu ya pamba, isiyotiwa rangi, ambayo babu zetu waliivaa, wakawalipa wapagazi kwayo, na wasafiri wakaitoa hongo kwa wakuu wa nchi walizopita. Lakini ni wachache waliopata kuuliza jina hilo limetoka wapi. Limetoka Marekani, na mji ambao marikebu zake zilitangulia mbele katika kuileta nguo hiyo ni mji mdogo wa bandari, jina lake Salem, katika jimbo la Massachusetts. Leo twataka kueleza habari za biashara na viwanda vya mji huo, maana mna mambo ndani yake yanayotuhusu sisi wenyewe.

Salem ulianzwa na Waingereza waliohamia huko mwaka 1626. Hapo kwanza wenyeji wake walivua samaki, wakawatia chumvi na kuwakausha, wakawauza nchi za mbali. Khalafu wakaunda marikebu. Marekani ilipokwisha kujipatia uhuru, marikebu hizo zilizunguka Rasi ya Tumaini Jema, zikafika Bara Hindi, na Uchina, na Sumatra, ambako walinunua pilipili manga. Mwaka 1799 manahodha wa Salem walifanya chama chao, na vitu vya ajabu walivyovileta kutoka ng’ambo wakaviweka pamoja ili watu wavitazame. Vitu hivyo vimehifadhiwa mjini humo hata leo.

Baada ya mwaka 1820 wakaanza kufika Unguja. Mwaka 1833 mjumbe wa Marekani, Edmund Roberts, alipatana na Sayyid Said huko Maskati kwamba mali ya Wamarekani itozwe ushuru wa 5 kwa mia, basi. Mwaka 1837 akaja Richard Waters, mtu wa Salem, akawa balozi wa kwanza wa Marekani katika Unguja. Naye alikuwa mfanyabiashara vilevile. Marikebu zao zilileta nguo, bunduki, baruti na fedha. Ziliporudi zilichukua pembe za ndovu, ngozi, karafuu na sandarusi.

Hapo kwenye sandarusi inafaa tusimame kidogo. Watu wa Mrima waliichimba mchangani, nayo ni utomvu wa miti ya zamani uliogeuka mgumu kama jiwe. Huko Marekani iliyeyushwa ikafanywa mafuta ya kung’arishia mbao na magari ya farasi. Lakini ilitoka kwetu ikiwa na uchafu na ganda la mchanga. Basi mtu mmoja wa Salem, Jonathan Whipple, aliweka kiwanda cha kuisafisha, akaandika watu kazi. Hivyo jasho la mchimbaji wa Mrima liliwapa watu wa Salem mshahara. Baadaye kazi hiyo ya kuisafisha ilihamia Unguja.

Sasa, kwa nini merikani ilishinda nguo nyingine? Daktari mmoja Mmarekani, aliyefika Unguja katika manowari mwaka 1835, aliandika kwamba Waingereza walikuwa wakizipiga nguo zao chapa za Kimarekani ili zinunuliwe. Lakini wanunuzi walisema kuwa nguo ya Marekani ina nguvu na hudumu zaidi. Na kwa kuogopa kudanganywa wakakataa hata kununua nguo kwa Mwingereza. Wazee wetu walisema: Chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Watu wa pwani hawakujua kusoma chapa ile, bali mikono yao ilijua nguo.

Wakati huo bandari ya Salem ilikuwa imekwisha anza kupungukiwa. Maji yake ni machache, na marikebu kubwa zilipendelea Boston na New York. Matajiri wa mji hawakukaa wakalia. Fedha walizozipata baharini walizitia katika kiwanda cha kufuma pamba. Miji mingine ya jimbo lile, kama Lowell, iliendesha mitambo kwa nguvu ya mto. Salem haikuwa na mto wa namna hiyo, basi wakatumia mvuke, na makaa ya mawe yakaletwa kwa marikebu. Kiwanda hicho, kilichoitwa Naumkeag kwa jina la kale la mahali pale, kilianza kazi mwaka 1847.

Lakini si haki kuisifu nguo tukanyamaza juu ya pamba yake. Pamba ile ililimwa na watumwa, watu weusi, katika majimbo ya kusini ya Marekani. Na huku kwetu mashamba ya karafuu yalilimwa na watumwa, na pembe nyingi zilibebwa nao mpaka pwani. Nguo iliyo imara kwa kufumwa ilikuwa na machozi huku na huku. Wako watu wa Salem walioliona jambo hilo. John Remond, mtu mweusi aliyetoka kisiwa cha Curaçao, alikuwa mpishi wa karamu maarufu katika mji huo, akafanikiwa kwa kazi yake. Watoto wake, Charles na Sarah, wakawa wasemaji hodari wa kupinga utumwa. Mwaka 1859 Sarah alihutubu Manchester, Uingereza, katikati ya viwanda vya pamba, akawaeleza watu wa huko ni nani waliolima pamba iliyowapa kazi.

Mwaka 1861 vita vikazuka kati ya majimbo ya kaskazini na ya kusini, vikadumu mpaka 1865. Utumwa ukaondolewa katika Marekani. Lakini wakati wa vita pamba ilikosekana viwandani, na merikani ikawa ghali na haba. Nguo za Uingereza na za Bombay zikaingia mahali pake. Mwaka 1870 ikafika Salem marikebu ya mwisho ya biashara kutoka Unguja. Mali iliondoka, jina likabaki: hata nguo iliyofumwa kwingine watu waliiita merikani.

Salem ikashikilia viwanda vyake: vya pamba, vya ngozi na vya viatu. Tarehe 25 Juni 1914 moto ulianza katika kiwanda cha ngozi, ukateketeza majengo zaidi ya 1,300, na kiwanda cha Naumkeag pamoja nayo. Kilijengwa tena. Mwaka 1933 wafanya kazi wake waligoma, kwa kuwa kila mtu aliongezewa mitambo ya kuangalia. Mwishowe, mwaka 1953, kiwanda kikafungwa na kazi ikahamia kusini, karibu na mashamba ya pamba. Majengo yake yakapewa kazi nyingine.

Basi ndugu zetu, twaona kwamba sifa ya mali hujengwa polepole na mikono ya wengi. Mkulima anayetia maji katika pamba yake ili izidi uzito, na mwenye duka anayepunja kipimo, hawajidhuru wenyewe peke yao. Wanalidhuru jina la wilaya nzima. Machifu na wayaangalie mizani ya masokoni. Waalimu na wawafundishe watoto kuandika hesabu, maana mali bila daftari huisha bila habari. Nasi tusingaliweza kusimulia haya leo kama wafanyabiashara wa Salem wasingaliweka barua na vitabu vyao. Na zao moja lisiwe tegemeo letu lote, kwa kuwa hata bandari iliyofika Unguja na Uchina ilikuja kukosa marikebu, ikaokolewa na kazi nyingine iliyokwisha andaliwa mapema.