Uhamisho wa kazi wakati kesi ya nidhamu ingali inaendelea



Wengi katika wadi ya Kware huamka alfajiri kwenda viwandani Industrial Area, kwenye malindo, madukani, shuleni na katika ofisi za umma. Kwa mzazi anayelipa kodi ya nyumba hapa na watoto wake wanasoma hapa, barua ya uhamisho si jambo dogo. Huwa nzito zaidi inapomfikia siku chache baada ya barua ya kutakiwa kujieleza, kabla kikao cha nidhamu hakijaketi. Je, mwajiri anaruhusiwa kufanya hivyo?

Anaruhusiwa, lakini si kwa kila sababu. Kupanga nani afanye kazi wapi ni mamlaka ya mwajiri. Tena, uchunguzi wenyewe unaweza kudai hivyo: mtunza stoo anayeshukiwa kupoteza bidhaa hawezi kuachiwa funguo za stoo hiyo. Hata hivyo, uhamisho unaoambatana na kupunguziwa mshahara au cheo, au unaomfanya mtu ashindwe kufika kwenye kikao chake, huo ni adhabu iliyotangulia hukumu.

Sheria iko wazi. Katiba ya 2010, Kifungu cha 41, inampa kila mfanyakazi haki ya kutendewa haki kazini. Kifungu cha 47 kinataka uamuzi wa kiutawala uwe wa haki, na anayeathirika apewe sababu kwa maandishi. Kifungu cha 236 kinamlinda afisa wa umma asionewe kwa kutimiza wajibu wake, wala asishushwe cheo bila utaratibu wa sheria. Sheria ya Ajira ya 2007, sehemu ya 10, inamtaka mwajiri ashauriane na mfanyakazi masharti ya mkataba yanapobadilika, na amjulishe kwa maandishi. Sehemu ya 41 inampa mfanyakazi anayekabiliwa na kufutwa kwa utovu wa nidhamu haki ya kusikizwa, kwa lugha anayoielewa, akiwa na mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama.

Hata hivyo, mahakama haikimbilii kuingilia. Mwaka 2015, katika kesi dhidi ya Mamlaka ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji, Jaji Byram Ongaya alieleza kwamba mahakama itaingilia kwa nadra sana mamlaka ya mwajiri kuhusu uhamisho na nidhamu. Mlalamishi aonyeshe kuwa Katiba au sheria imevunjwa, mkataba umekiukwa, au anatendewa isivyo haki waziwazi. Tena, awe ametumia kwanza njia za ndani za kutatua mgogoro.

Hapo ndipo wengi hupoteza kesi nzuri. Mfanyakazi hukasirika, akakataa kwenda kituo kipya, akakaa nyumbani. Sehemu ya 44 ya Sheria ya Ajira inahesabu kutofika kazini bila ruhusa wala sababu halali kuwa kosa kubwa linaloweza kumfutisha mtu papo hapo. Aliyekuwa na lalamiko la haki sasa ana shtaka la pili, na hili ni rahisi kuthibitishwa.

Njia salama ni hii. Kwanza, mfanyakazi asome mkataba wake, kwani mikataba mingi inaruhusu uhamisho popote. Pili, aandike barua kwa heshima, aombe sababu na aeleze pingamizi lake, abaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Tatu, aripoti kituo kipya huku akisema kwa maandishi kwamba hajaacha pingamizi hilo. Nne, akate rufaa ya ndani, kupitia chama chake akiwa nacho. Mtumishi wa kaunti asiyeridhika na uamuzi wa nidhamu anaweza kukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90.

Yakishindikana hayo, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Leba inaweza kuombwa isimamishe uhamisho kwa muda. Asingoje kazi ya nyumbani ivurugike ndipo aende; amri ya kusimamisha haimsaidii sana aliyekwisha kuhama. Madai ya mkataba wa kazi kwa jumla hufikishwa kortini ndani ya miaka 3.

Mwajiri naye ana njia rahisi ya kuepuka kesi: atoe sababu, amsikize mfanyakazi, kisha aamue. Haki huanzia kwenye kikao, si kwenye barua ya kufungasha virago.